Mguu wa Kulia Mbele

12 Februari

Mdogo wangu mpenzi,

Pokea salamu nyingi kutoka kwa Mama, kutoka kwangu, na kutoka kwa paka, ambaye tangu uondoke amehamia kitandani kwako na hataki mjadala. Hujambo? Ulifika salama? Unakula? Hilo la kula Mama analiuliza kila akiamka, kwa hiyo lijibu kwa maandishi makubwa nimwoneshe. Sisi hatujambo.

Najua ungependa tupigiane simu, lakini Mama hataki. Anasema simu ikikatika anabaki na neno mdomoni na hana wa kumpa. Barua anaiweka chini ya mto, na nikishamaliza kuisoma ananiambia nirudie pale ulipomsalimia yeye.

Saluni inakwenda. Televisheni nimeihamisha, sasa iko ukutani nyuma ya viti, maana kule mbele ilikuwa inakula mvuke. Wateja wanaitazama kwenye kioo. Mwanzoni walilalamika kwamba maandishi yanasomeka kinyume, sasa wameshazoea. Jirani yetu Mama Cherehani anasema kwenye kioo waigizaji wote ni mashoto lakini wanadanganyana vilevile.

Ubao wa Baba wa kupandia mawimbi haukupasuka njiani? Ukague kwenye pezi, pale alipotia kiraka. Nilikupa kwa moyo mweupe. Kofia, huyo mpiga filamu wako, alikuja kututafuta wote wawili, lakini wa kwenda alikuwa mmoja, na Mama hawezi kuachwa. Kwa hiyo nenda, panda, pigwa picha, uwe bwana mkubwa. Ila ukitembea juu ya ubao usiburute miguu! Pishanisha, hatua kwa hatua, kama mtu anayekwenda kumfungulia mlango mgeni anayemtaka.

Na lile wimbi langu la asubuhi ya mwisho, usilisahau. Ulikuwa umesimama na Kofia pale majabalini, ukaona nilivyotembea mpaka puani kwa ubao, kwenye ncha ya mbele, vidole vyote kumi vikaning'inia nje, nikakaa huko mpaka nikasikia raha ya kutisha. Kofia aliapa mbele yako kwamba litaingia kwenye filamu. Sitafuti umaarufu, wateja wangu wananitosha. Ni kwa ajili ya Mama. Daktari anasema presha ya macho imeshakula sehemu kubwa, na anachokiona leo huenda mwakani asikione. Miaka yote hii hakuwahi kushuka pwani kututazama. Alichojua ni kwamba fundi seremala aliyemuoa alichonga mlango, na watoto wake wakawa wanasimama juu yake katikati ya maji kama wendawazimu. Nataka anione mara moja akiwa bado anaona. Sina ombi jingine. Mkumbushe Kofia.

Dada yako.


9 Machi

Dada yangu,

Shikamoo. Mpe Mama shikamoo yake peke yake, tena uisome polepole. Mimi sijambo kabisa. NAKULA. Natumaini nanyi hamjambo, na paka atahama kwa hiari kabla sijarudi.

Tunaishi nyuma ya karakana ya mzee anayechonga mbao. Tunamwita Mchongaji. Unga wa mbao uko kwenye nywele, kwenye shuka, kwenye chai. Kofia ni yuleyule, anaoga na kofia, analala na kofia. Hawa watu wa mbao ndefu, Dada, wana dini yao. Hawana haraka hata nyumba ikiungua. Wao huwaita wenye mbao fupi nyumbu, kwa kukimbilia kila wimbi. Wakitoka majini wanakaa mchana kutwa wanajadili mkono wa fulani ulikuwa wapi alipogeuka, na juzi walikasirikiana kweli kuhusu goti la mtu aliyekufa zamani. Jioni wanatundika shuka ukutani, wanatazama filamu za kale zisizo na sauti, na mtu akionekana anaburuta miguu, chumba kizima kinamzomea.

Hapa wimbi linafunguka kulia. Kwa hiyo mimi wa mguu wa kushoto mbele nalitazama usoni, wakati la kwetu, la kushoto, nilikuwa naligeuzia mgongo. Unakumbuka Baba alivyosema amezaa wa kulia na wa kushoto? Alikuwa hawezi kututofautisha kwa mbali isipokuwa kwa mguu, maana sote tulivaa mashati yake. Ninalo hapa lile la mirabaraba, na wewe unalo mwenzake. Kofia amenikataza kuvaa kingine.

Lakini sikufichi, naanguka sana. Nikifika katikati ya ubao miguu inasahau zamu yake. Kofia hapigi kelele, anazima kamera tu, na hilo linauma zaidi. Anasema, “Usinipe ujanja, nipe mwendo.”

Sasa habari yako. Tuliliona wimbi lako kwenye shuka.  Mchongaji, ambaye husifia mtu pale tu anapokosa namna, akasema turudie. Tukarudia. Litaingia, Dada. Kofia amesema ndilo litakalofunga filamu.

Mdogo wako.


2 Aprili

Mdogo wangu,

Hujambo? Mama anakusalimu, na amefurahi kwa zile herufi kubwa, amezigusa kwa kidole. Barua yako nimeisoma mpaka imelegea kwenye mikunjo. Ile sehemu ya wimbi langu sikumsomea. Nataka imshtue siku hiyohiyo.

Mimi nimepata ajali ndogo. Niliteleza pale kwenye beseni la kuoshea nywele, sakafu ilikuwa na sabuni, mguu mmoja ukaenda huku na mimi nikaenda kule. Goti limevimba, halikunjiki. Mama nimemwambia nimejigonga tu. Wiki ijayo nakwenda kwa daktari wa mifupa. Kwa sasa nasuka watu nimekalia stuli, na wanasema nimekuwa na heshima kama hakimu.

Usihangaike. Nijulishe filamu ikiwa tayari, maana Mama ameanza kumimina chai nje ya kikombe.

Dada yako.


20 Juni

Dada,

Shikamoo, na shikamoo kwa Mama. Natumaini mu wazima wa afya. Mimi ni mzima, nakula, mwambie.

Samahani kwa kimya. Kazi ya kukata picha imetumeza. Kofia amejifungia na mashine zake, anatoka kutafuta kahawa tu. Filamu imekwisha! Nimempa flashi mtu anayekuja huko, ataileta saluni mwenyewe. Imeshaanza kuzunguka kwenye maonyesho madogomadogo, watu wanakaa chini, miguu mitupu, wanapiga miluzi. Sikutegemea.

Wakati wa kukata kuna mambo yalibadilika kidogo. Kofia ana namna yake ya kuona. Utaelewa ukitazama. Msalimie Mama Cherehani.

Mdogo wako.


15 Julai

Mdogo wangu, bwana mkubwa, simba wa maji!

Hujambo wewe? Sisi leo hatujambo kuliko siku zote! Niache salamu nyingine njiani, nianze.

Jirani alituazima kompyuta. Nilimkalisha Mama mezani na miwani yake yote miwili, ameipandanisha, na bado alisogea mpaka pua ikagusa kioo. Mimi nikawa mtangazaji. Nikamwambia, huyo ndiye Kitinda wako anabeba ubao, hapo anacheka, hapo ameanguka, usiogope, anaibuka. Alipokuona unakula mkate karakanani akapiga makofi, akasema basi, filamu imekwisha, ameona alichotaka.

Halafu mwisho ule. Mdogo wangu! Ulijifunza lini? Kwa mbali, ukungu wa asubuhi, wimbi linafunguka kulia taratibu, na wewe unaanza kutembea. Nikamshika Mama bega. Nikamwambia, Mama, sasa anapiga hatua, anapishanisha, haburuti, haangalii miguu, anakwenda tu. Sasa yuko puani. Vidole vyote viko nje, Mama, amesimama kwenye ncha na hakuna kinachomshika, na bado anakaa, na bado anakaa! Nilikuwa napiga kelele mpaka paka akatoka. Mama akaweka kiganja kwenye kioo, akasema, “Mwanangu wa kiume. Kumbe huu si mlango.”

Umeniibia mwendo, mwizi wewe, mpaka tabia yangu ya kuvuta shati kwa nyuma umeiba! Na pwani ile inanikumbusha kwetu, mpaka bomba la moshi lililopinda kama la kiwanda chetu mnalo, ila lenu limepindia upande mwingine. Nikasema kumbe dunia nzima ina kiwanda cha barafu kilichokufa.

Sitakuficha, nilingoja wimbi langu mpaka majina yakaanza kupanda, na halikuja. Iliniuma. Mama bado anaona kidogo, na nilitaka lile atakalolikumbuka liwe langu. Lakini usiku nikajiambia, amemwona mwanawe mmoja akifanya kitu kizuri kabisa duniani, na aliyemfundisha ni mimi. Nimeridhika. Mwambie Kofia simlaumu.

Dada yako mwenye kujivuna.


28 Agosti

Dada yangu,

Shikamoo. Natumaini hamjambo nyote.

Asante kwa maneno yako. Nimeyasoma mara nyingi. Asante kwa kumsimulia Mama vizuri hivyo. Unajua mwenyewe kila nilicho nacho majini nimejifunza kwako.

Kuhusu wimbi lako, Kofia alisema filamu ilikuwa ndefu. Pole sana. Labda katika nyingine.

Sina mengi, tuko safarini na maonyesho. Nakula.

Mdogo wako.


10 Septemba

Kitinda,

Leo hakuna salamu.

Jana Mama Cherehani alikuja kutengenezwa nywele, nikaweka flashi yako kwenye televisheni ili nijidai. Nimeshaiweka kwenye kompyuta mara ngapi, lakini saluni ilikuwa mara ya kwanza. Nilikuwa nimeinamia kisogo chake, namfunga rola za nywele, mara nikamsikia anasema, “Kumbe hii ya mwisho mliipiga hapa kwetu?” Nikamwambia hapana, ni huko aliko. Akasema, “Huko kuna kiwanda chetu cha barafu? Na huyo si wewe?”

Nikainua kichwa. Kwenye kioo wimbi lilikuwa linafunguka kushoto. Bomba la moshi limepindia baharini, kama linavyopinda tangu tuzaliwe. Majabali yako mahali pake. Na juu ya ubao wa Baba kuna mtu, mguu wa kulia mbele, mkono wa kushoto umeshika shati kwa nyuma, anatembea kwenda kumfungulia mgeni mlango.

Nikageukia televisheni, linakwenda kulia. Nikageukia kioo, kushoto. Nilisimama pale na kitana mkononi nikigeuka huku na huku mpaka Mama Cherehani akaniuliza kama nimepandwa na kitu. Akanivuta nikakaa kwenye kiti cha wateja. Yeye, na rola zake kichwani, akasimama nyuma yangu, na tukatazama upya. 

Mlinigeuza. Mlinigeuza kama mtu anavyopindua nguo ya mwenzake ili aivae yeye.

Kofia si ndugu yangu, sina haja naye. Wewe ndiye ulikuwa pale majabalini. Wewe ndiye ulijua kwa nini nilitaka wimbi lile liwemo. Ningeumia mngelitupa, na barua yangu ya Julai inaonesha nilivyokuwa nimeshakusamehe hilo. Nilikuandikia umeniibia mwendo, kwa utani, moyo wangu umejaa, na wewe ukachukua kalamu ukanijibu asante. Ulikaa chini kabisa ukaandika asante! Ukaniambia filamu ilikuwa ndefu!

Mama sasa hatofautishi dirisha na ukuta. Hakuna kurudia. Alichokiona mwisho kwa macho yake alikiona kwa jina lako, na aliyempa jina hilo ni mimi, kwa mdomo wangu, nimemshika bega, nashangilia. Ulinifanya nijifute mwenyewe mbele ya mama yangu. Na hukuwepo hata kuona nilivyofurahi.

Sijamwambia. Sijui nimwambieje.

Dada yako.


4 Oktoba

Dada,

Sijui kama naruhusiwa kukusalimia. Shikamoo.

Ni kweli. Kila ulichosema ni kweli. Sikuweza, Dada. Msimu mzima sikuweza. Nilifika puani mara moja tu, na Kofia alikuwa anabadilisha mkanda. Filamu ilikuwa imefika mwisho na haina mwisho. Akasema watazamaji hawawezi kunifuata mimi safari nzima halafu kileleni wampate mtu mwingine. Akasema ni damu moja, ubao mmoja, shati moja, ataumia nani? Nikanyamaza, na yeye akachukua kimya changu kuwa ndiyo. Alipogeuza picha nilikuwa nimesimama nyuma yake. Ni kitufe kimoja tu. Nilikuona ukibadilika mguu.

Barua yako ya Julai niliisoma nimesimama mlangoni na nikaamua nitakuambia. Nikakaa nayo wiki, nikakaa nayo mwezi. Dada, hakuna mtu aliyewahi kunisifia hivyo. Hata wewe. Nilitaka yawe yangu kwa muda kidogo.

Mwezi ujao kuna mkutano mkubwa wa watu wa mbao ndefu, wanakuja kutoka kila mahali, na filamu yetu ndiyo itakayofungua. Nitapanda jukwaani. Nitawaambia wimbi la mwisho ni la dada yangu. Nitasema mbele ya Mchongaji, mbele ya Kofia, mbele ya wote. Naapa kwa kaburi la Baba. Usimwambie Mama bado, ningoje niseme kwanza, halafu tumwambie kwa pamoja.

Nijibu japo mstari mmoja.

Mdogo wako.


17 Januari

Dada,

Shikamoo. Natumaini hujambo, na Mama hajambo. Hukujibu, na siwezi kukulaumu.

Nilipanda jukwaani. Taa zilikuwa machoni, kipaza sauti mkononi, na Mchongaji alikuwa mstari wa mbele ameweka kofia kifuani. Nilikuwa nimeyapanga maneno. Nikafungua mdomo, nikasema asanteni. Wakauliza mwendo ule unatoka wapi. Nikawaambia ni kama kwenda kumfungulia mlango mgeni unayemtaka. Walisimama wote, Dada, wakapiga makofi mpaka nikashindwa kushuka. Baada ya hapo ingekuwa kama kuwatukana.

Lakini nina njia ya kurekebisha. Kofia anakuja huko kwetu mwezi wa tatu kupiga filamu ya pili, pwani yetu yenyewe, na mimi nitakuja naye. Kuna watu wengine kwenye kundi, na hao hawajui. Wote wanasubiri kuniona nikitembea. Huku nimekuwa nikisema mgongo unaniuma, lakini mgongo hauwezi kuuma mwaka mzima. Nimefikiri hivi. Asubuhi na mapema, ukungu ukiwepo, ingia wewe. Kwa mbali hatujulikani. Vaa shati lako. Mara moja, au mbili tu. Mimi nitapigwa zile picha za karibu. Kofia anajua namna ya kuweka sawa mambo ya upande.

Na safari hii nitahakikisha jina lako linaandikwa, mwishoni, kwenye shukrani.

Tafadhali, Dada. Nikishindwa mbele yao nimekwisha.

Mdogo wako.


8 Februari

Mdogo wangu,

Hujambo? Unaona, nimeanza na salamu. Nimezisoma tena barua zako zote, na karibu katika kila moja umeuliza kama sijambo. Umeuliza vizuri, kwa adabu, na hukuwahi kusubiri jibu.

Goti. Nilikuandikia mwezi wa nne. Kano ilikatika. Daktari wa mifupa alinichorea kwenye karatasi, akaniuliza napenda michezo gani, nikamtajia, akaweka kalamu chini. Natembea, namshukuru Mungu, na nasuka nimekaa. Kupiga magoti siwezi, kuchuchumaa siwezi, kuinuka kwenye ubao ndiyo usiulize. Sijaingia majini tangu siku ile ya majabali. Sikukuandikia tena habari hiyo kwa sababu nilikuwa nangoja uniulize. Nikangoja, nikangoja, mpaka nikasahau kwamba nangoja.

Kwa hiyo siwezi kukupandia. Wewe ulidhani ninayo mengine nyumbani, kama mtu anayechota ndoo akijua pipa limejaa. Lile ndilo lilikuwa la mwisho. Liko moja tu duniani na mnalo nyinyi, limegeuzwa.

Jumapili nilifunga saluni, nikamleta Mama kwa kumshika mkono. Haoni kitu sasa, lakini nilimkalisha kwenye kiti anatazama kioo, kwa heshima yake. Nikawasha. Nikamwambia, Mama, nilikudanganya bila kujua, yule wa mwisho hakuwa Kitinda. Halafu nikamsimulia upya. Sasa nasimama, Mama, mguu wa kulia mbele. Sasa napiga hatua. Sasa niko puani, vidole vyote nje. Nilisema kila kitu kwa mpangilio wake, sikuruka hata kimoja. Sauti ilikuwa inatoka kavu, naisikia mwenyewe.

Nilimaliza, uso wake bado umeelekea kioo. Nikadhani hajaelewa, nikaanza kurudia. Akanigusa mkono. Akasema, “Nimeelewa, mama. Lakini mara ya kwanza ulisimulia vizuri zaidi. Ulikuwa unafurahi.”

 Nilidhani ulichoniibia ni wimbi.

Njooni tu mwezi wa tatu, pwani si yangu. Ubao wa Baba uje nao, uusimamishe pale nyuma ya mlango ulipokuwa, maana Mama akipita anapapasa ukuta na mkono unakosa. Kofia na watu wake walete saluni. Filamu yenu inachezwa hapa kutwa nzima, na mtaa mzima umeshakaa kwenye viti vyangu. Hakuna anayewasubiri kwa ubaya. Watawasalimia, watawauliza habari za safari, na watawapisha mkae.

Wewe utakaa kiti cha kwanza. Televisheni iko nyuma, kama zamani. Utajiona mwenyewe mbele, karibu kabisa, na nyuma ya bega lako utaniona mimi nikitembea. Utatazama mpaka mwisho. Mimi nitakuwa nasuka.

Kisha utakwenda nyumbani, utakaa mezani na Mama, na utamsimulia. Mimi nimemsimulia wimbi hilo mara mbili. Ya tatu ni yako.

Anauliza kama unakula.

Dada yako.